Umeuza biashara, sasa unataka kuokoa filamu: anza hivi

Kwa miaka 22 nilikuwa nafunga na kukarabati vyumba vya baridi. Nilipoiuza kampuni nilibaki na pesa, muda, na ujinga wa kutosha kununua mikebe 61 ya filamu kutoka kwa mtu aliyekuwa anahama ghala. Projekta sikuwa nayo. Tofauti ya 16mm na 35mm niliijua kwa upana tu, kama mtu anayejua magari kwa rangi. Nilichokuwa na uhakika nacho ni kwamba mle ndani mna hazina, na kwamba kazi inaanza kwa kununua skana, mashine ya kugeuza mkanda kuwa faili la kompyuta.

Nikamwita fundi mmoja mzee aliyefanya kazi kwenye maabara ya filamu enzi za kemikali. Akafungua mkebe wa kwanza, akarudisha kichwa nyuma, akaufunga. Akafungua wa pili. Kisha akaniuliza, "Bosi, daftari lako liko wapi?"

Daftari sikuwa nalo. Nilikuwa na profoma tatu za skana.

Mwongozo huu nimewaandikia watu wa aina yangu: umefanya biashara, umeichoka au imekuchoka, filamu unazipenda, na unataka pesa yako ifanye jambo. Nitakupa mpangilio wa kazi kama nilivyoujifunza, sehemu kubwa kwa hasara. Na nikuambie mapema kitu ambacho wapenzi wa mikanda ya zamani hawapendi kukisikia: filamu iliyo hatarini zaidi huenda si ile ya mwaka 1930 iliyo kwenye mkebe wenye kutu. Huenda ni ile iliyokamilika mwaka juzi, ya kijana asiye na studio, na imekaa kwenye diski moja ndani ya droo. Tutafika huko.

Hesabu stoo kabla ya kutazama chochote

Mfanyabiashara hahitaji kufundishwa maana ya kuhesabu mali, lakini akiona filamu anasahau yote. Anataka kuitazama usiku huohuo. Usiitazame. Kila mkebe upe namba yake, isiyorudiwa hata mkebe huo ukiondoka. Iandike kwenye mwili wa mkebe, siyo kwenye kifuniko, maana vifuniko huhama. Katika ile 61 yangu, tisa ilikuwa na vifuniko vya mikebe mingine. Mmoja ulioandikwa "harusi" ulikuwa na rili ya tatu ya filamu ya hadithi ambayo rili zake nyingine sijazipata mpaka leo.

Daftarini andika maneno ya nje ya mkebe herufi kwa herufi, hata yakiwa yamekosewa, kwa sababu kosa la mtu wa zamani nalo ni ushahidi. Andika upana wa mkanda, urefu, rangi au nyeusi na nyeupe, sauti ipo au haipo, harufu, aliyekupa, tarehe, na karatasi mliyosainiana. Safu ya mwisho ni ya mwenye hakimiliki. Kwa mikebe mingi safu hiyo itabaki tupu kwa muda mrefu. Iache tupu, lakini iwepo.

Urefu utausoma bila kukunjua mkanda wote. Filamu ya 35mm ina fremu, yaani picha mojamoja, 16 kwa kila futi, ya 16mm ina 40. Kwa mwendo wa fremu 24 kwa sekunde, futi 400 za 16mm ni kama dakika 11, na futi 1,000 za 35mm ni dakika 11 vilevile. Kwa hiyo ukikuta rili moja ya futi 400 iliyoandikwa jina la filamu ndefu, unajua umeshika kipande tu, na unaanza kutafuta wenzake.

Pua kabla ya macho

Kilichomrudisha kichwa nyuma yule mzee ni siki. Mikanda mingi ya karne iliyopita imetengenezwa kwa asetati, aina ya plastiki, na asetati ikianza kuoza hutoa asidi ileile iliyomo kwenye siki. Ubaya ni kwamba asidi hiyo nayo huchochea uozo. Mkanda mpya ukiwekwa kwenye nyuzi 21 za Selsiasi na unyevu wa hewa asilimia 50 unaweza kukaa miongo minne au mitano kabla haujaanza kunuka. Ukishaanza, unayo miaka michache tu ya kufanya uamuzi. Unasinyaa, unajikunja pembeni, unakuwa mgumu kama kucha, mwishowe utando wenye picha unabanduka.

Pua hutambua siki ikiwa imeshachelewa kidogo, na hata hivyo si kipimo cha kupimia mikebe hamsini kwa siku moja. Baada ya ule wa kumi hunusi kitu. Kuna vijikaratasi vinavyoitwa A-D Strips, vilivyobuniwa na Image Permanence Institute ya Rochester, Marekani. Unaweka kimoja ndani ya mkebe, unaufunga, na baada ya siku moja au zaidi, kutegemea joto la chumba, unasoma rangi: bluu ni salama, kijani mambo yameanza, njano umechelewa. Ngazi zake ni kuanzia 0 hadi 3, na penye 1.5 ndipo uozo huanza kujiendesha wenyewe. Andika ngazi hiyo daftarini pamoja na tarehe. Orodha ya kipi kiokolewe kwanza haipangwi kwa umaarufu wa filamu, inapangwa kwa namba hizi.

Yenye siki itenge na mizima, leo, siyo wiki ijayo. Angalia zaidi mikanda ya sauti ya sumaku, ile ya rangi ya kahawia isiyo na picha. Huwa inatangulia kuoza kwa sababu oksidi ya chuma iliyopakwa juu yake huharakisha kazi.

Kuna mkanda mmoja ambao hutakiwi kuushughulikia kabisa. Ukikuta 35mm ya kabla ya mwanzo wa miaka ya 1950, pembeni hapana neno SAFETY, au pameandikwa NITRATE, ishia hapo. Nitrati, plastiki ya mikanda ya zamani, huwaka kwa kasi ya kutisha, na kwa kuwa inajitengenezea oksijeni yake yenyewe, hata ukiitumbukiza majini itaendelea kuwaka. Ikishaanza kunata, kutoa mapovu au kugeuka unga wa kahawia, hatari imezidi. Usiibane kwenye mfuko, usiitume kwa posta, usiitupe jalalani, na usiichanganye na nyingine. Iweke mbali na joto, kisha piga simu hifadhi ya taifa ya filamu au zimamoto. Kwa 16mm pumua kidogo: Kodak ilipoileta sokoni mwaka 1923 kwa ajili ya watu wa majumbani, iliileta ikiwa filamu salama tangu mwanzo.

Mezani

Vifaa vyangu vya mwanzo vingetosha kwenye begi la mgongoni: mashine mbili za kukunjia za mkono, kisanduku cha taa, kioo cha kukuzia, mashine ya kuunganishia na utepe wake, rula, glavu. Hizo ndizo pesa za kutoa mwezi wa kwanza. Projekta iache. Mkanda uliosinyaa ukiingia kwenye meno ya projekta unachanika vitundu vyote vya pembeni kwa dakika moja, na dakika hiyo hairudi.

Kusinyaa kunapimwa hivi. Chukua kipande cha mkanda mpya wa upana uleule, hesabu fremu 100, weka alama. Laza mkanda wa zamani kando yake, ncha zikilingana, hesabu fremu 100 zake. Ukikuta fremu ya 100 ya zamani inaishia pale fremu ya 99 ya mpya inapoishia, umesinyaa kwa asilimia 1, na mkanda huo hauingii tena kwenye mashine yenye meno. Upeleke kwa wenye skana inayovuta mkanda kwa magurudumu laini. Mara ya kwanza nilipofanya kipimo hiki nilirudia mara tatu kwa kudhani nimekosea kuhesabu. Tofauti ni milimita saba na kitu kwenye 16mm, upana wa kidole, lakini hiyo ndiyo inayoamua.

Kukunja kwenyewe ni polepole, mkanda ukipita kati ya vidole viwili pembeni, bila kugusa picha. Vidole vitakuambia palipochanika kabla macho hayajaona. Maunganisho ya zamani yaliyokauka yaunganishe upya. Mkanda mgumu usiulazimishe.

Hapa nikiri kosa. Rili moja ilikuwa na vumbi la ajabu, nikachukua kitambaa chenye maji kidogo. Kidogo sana. Utando wa picha ni jelatini, na jelatini ikipata maji huvimba na kulainika. Nilipoinua kitambaa, kilikuwa na uso wa mtu. Fremu sita hivi, mwanamke aliyekuwa anageuka dirishani, zimo kwenye kitambaa hicho na hazimo popote pengine ninapopajua. Vumbi lifute kwa kitambaa kikavu laini kisichoacha nyuzi. Mafuta na uchafu mwingine waachie maabara.

Na usiitupe nakala kwa sababu imekwaruzika. Mwaka 2008, huko Buenos Aires, ilipatikana nakala ya 16mm ya *Metropolis*, filamu ya bubu ya Ujerumani ya mwaka 1927, yenye karibu dakika 25 ambazo dunia ilidhani zimepotea. Ilikuwa imejaa mikwaruzo iliyonakiliwa pamoja na picha, na mafundi walioikarabati hawakuweza kuiondoa yote. Wakaitumia hivyohivyo, na mwaka 2010 watu waliitazama filamu ikiwa karibu kamili. Nakala mbaya ambayo ndiyo pekee ni nakala nzuri.

Baridi, ambapo hatimaye nilijua ninachofanya

Nilishangaa kugundua kwamba ufundi wangu wote wa maisha ulikuwa unanisubiri hapa. Huko Culpeper, Virginia, Library of Congress, maktaba ya bunge la Marekani, inahifadhi filamu zake ndani ya mlima, kwenye handaki ambalo zamani benki kuu ya Marekani ilificha noti kwa hofu ya vita vya nyuklia. Wewe huhitaji mlima. Unahitaji kuelewa vitu viwili: joto na unyevu, na kwamba kimoja bila kingine hakisaidii.

Asetati inapenda nyuzi 4 hivi au chini yake, unyevu kati ya asilimia 30 na 50. Kinachoua si joto peke yake, bali panda-shuka. Chumba cha baridi cha kawaida kinapoyeyusha barafu yake, unyevu unaruka, na mkanda unavuta na kutema maji kila mara. Wateja wangu wa zamani hawakujali, kwa kuwa bidhaa zao zilikaa wiki mbili tu. Filamu inakaa miaka mia.

Kama huna chumba chenye kudhibiti unyevu, friza ya kawaida inafanya kazi ukifungasha vizuri. Mkanda ukae kwanza siku kadhaa kwenye chumba kikavu ili usiingie na maji yake. Usifungashe siku ya mvua. Ingiza mkebe kwenye mfuko wa plastiki unaofungika, toa hewa, funga. Ingiza kwenye mfuko wa pili, na kati ya mifuko weka kadi ya kuonyesha unyevu, iangalie nje ili uisome bila kufungua. Kadi ikibadilika rangi, mfuko umevuja, badilisha.

Utasikia mtu anasema mkanda wenye siki usifungiwe, lazima upumue. Ni kweli ukiwa kwenye joto la chumba, maana asidi ikikosa pa kutokea inauma mkanda wenyewe. Ndani ya friza uozo unakuwa umepunguzwa mwendo kiasi kwamba mfuko si tatizo. Friza haiponyi, lakini inakununulia miaka ya kutafuta pesa za skana. Mikanda ya rangi nayo itakushukuru: nakala nyingi za miaka ya 1950 hadi mwanzoni mwa 1980 zimegeuka waridi, kwa kuwa rangi nyingine zimefifia, na baridi ndiyo breki pekee.

Skana kodisha

Sitakaa sana hapa. Skana nzuri ni ghali, inazeeka haraka, na inahitaji mtu anayejua kuiendesha. Lipia huduma, rili kwa rili, kwa mpangilio wa daftari. Dai mafaili ghafi, fremu kwa fremu, kabla hayajasafishwa wala kurekebishwa rangi. Andaa nafasi: filamu ya dakika 90 ni fremu 129,600, na kwa ubora wa 4K katika umbo la DPX, ambapo kila fremu ni faili lake, inafika terabaiti 6 na nusu. Kisha mkanda urudi kwenye baridi. Mtu akikuambia sasa unaweza kuutupa kwa kuwa "uko kwenye kompyuta", msindikize hadi mlangoni.

Filamu ya mwaka juzi

Library of Congress ilitoa ripoti mwaka 2013 kuhusu filamu ndefu za bubu za Marekani, karibu 11,000, zilizotolewa kati ya 1912 na 1929. Zilizobaki katika umbo lake la awali la 35mm ni asilimia 14. Moto uliziua nyingi, uozo ukaziua nyingine, ila nyingine wenyewe waliziharibu, baadhi kwa ajili ya madini ya fedha yaliyomo kwenye utando wa picha. Sauti ilipoingia, zilikuwa mali iliyododa, na mwenye ghala yeyote anajua mali iliyododa hufanywa nini.

Filamu huru ya leo inadoda baada ya mwaka mmoja wa matamasha. Binti mmoja alinipigia simu, hatukuwa tunafahamiana. "Shikamoo mzee, nimeambiwa wewe unaokoa filamu. Yangu ina miaka minne." Nikacheka. Nikasikia nyuma yake, kwenye simu, mlio wa *tik, tik, tik*. Ndiyo ilikuwa diski. Nakala nyingine ilikuwa na mhariri aliyehama nchi. Ile ya sinema ilikuwa imefungwa kwa ufunguo wa kidijitali uliokwisha muda wake, na kampuni iliyoufunga ilishafunga milango. Tuliipata filamu yake nzima kwenye mtandao tu, imebanwa, ina nembo ya tamasha kwenye kona.

Academy of Motion Picture Arts and Sciences, wale wa tuzo za Oscar, walichapisha ripoti mwaka 2007 iliyokadiria kwamba kuhifadhi filamu ya 4K kidijitali hugharimu kwa mwaka mara 11 ya kuihifadhi kwenye mkanda. Mwaka 2012 wakatoa ya pili, iliyowaangalia watengenezaji huru na wa makala. Bei za diski zimeshuka tangu hapo, lakini tatizo lenyewe halijahama: mkanda ukiusahau kwenye baridi unakusubiri, diski ukiisahau inakufa.

Kwa hiyo ukitaka kusaidia sinema huru, usikimbilie kuwa mtayarishaji mkuu ili jina lako lipite juu. Toa pesa za mwisho, zile ambazo hakuna anayependa kuzitoa: kuchanganya sauti, maandishi ya tafsiri, kununua haki ya muziki. Muziki hasa. Vijana hununua haki ya kuonyesha kwenye matamasha tu kwa kuwa ni nafuu, na baada ya hapo filamu haiwezi kuonyeshwa popote kihalali. Lipia haki isiyo na ukomo, hata kama itabidi nyimbo zipungue.

Badala ya asilimia ya mapato, omba amana. Mimi mwanzoni niliomba asilimia, ikanigharimu urafiki na watu wawili na haikuniingizia chochote. Amana ni hii: toleo la mwisho lisilofungwa kwa ufunguo, toleo lisilo na maandishi juu ya picha, sauti ikiwa imetenganishwa (mazungumzo peke yake, muziki na milio peke yake), mafaili ya tafsiri, trela, picha za bango, na mikataba yote iliyopigwa skana. Mkataba wenu uwe ukurasa mmoja: hakimiliki inabaki kwa mtengenezaji, wewe unatunza, anaweza kuchukua nakala wakati wowote, unaweza kuonyesha mara kadhaa mlizokubaliana na kila mara unamlipa, na akifa, nani anaamua. Kipengele hicho cha mwisho watu hukiruka kwa aibu. Kiandikeni.

Nakala ziwe tatu, katika aina mbili za vifaa, moja ikae jengo jingine. Kila faili litolewe namba ya uhakiki, ile ambayo kompyuta huikokotoa kutokana na yaliyomo ndani ya faili, siku linapoingia, na kila mwaka zihesabiwe upya mzilinganishe. Namba ikibadilika, faili limeharibika, rudisha kutoka kwenye nakala nzima. Ukitumia kanda za LTO, yaani kanda za sumaku za kuhifadhia mafaili ya kompyuta, weka tarehe ya kuhama kizazi. Mashine za LTO-8 zinasoma kanda za LTO-7 na haziendi nyuma zaidi, hivyo kanda yako nzima kabisa inaweza kubaki bila mashine ya kuisoma.

Kwa kazi zinazokuzidi uwezo, wapo wakubwa. FIAF, shirikisho la hifadhi za filamu lililoanzishwa 1938, lina wanachama sehemu nyingi duniani, na hifadhi iliyo karibu nawe ndiyo ya kuiendea kwanza. Film Foundation, iliyoanzishwa na mwongozaji wa filamu Martin Scorsese mwaka 1990, ilianza mwaka 2017 mradi wa urithi wa filamu za Afrika pamoja na FEPACI, shirikisho la watengenezaji filamu wa Afrika, na UNESCO. Ukiwaendea watu hao ukiwa na daftari lenye namba, harufu, urefu na mwenye haki, mazungumzo huwa mafupi na mazuri. Ukiwaendea na "nina mikebe mingi, njooni muone," utangoja.

Jambo moja la kiutendaji limebaki, nalo litakuletea ugomvi. Siku moja mtu atahitaji mkanda wake kwa haraka: tamasha, runinga, mazishi ya mwigizaji. Mkebe unaotoka kwenye friza haufunguliwi hapohapo, maana mvuke wa hewa utaganda na kuyeyukia juu ya picha. Unakaa ndani ya mifuko yake yote miwili, mezani, saa 24. Atakuambia ni dharura. Mpe kiti, mwonyeshe daftari, na mwambie arudi kesho.